Jinsi ya kuondoa vitabu visivyofaa kwenye maktaba ya umma bila kuzua ugomvi: mwongozo kamili

Hakuna kazi ya ukutubi inayoahirishwa kama kuondoa vitabu. Rafu zimejaa hadi vitabu vimelazwa juu ya vingine, msomaji akivuta kimoja vinaanguka vitatu, na bado kila mtu anaogopa kuanza. Anayethubutu naye mara nyingi huishia pabaya. Anatoa kwa haraka, anasahau kufuta kwenye katalogi, marundo yanakaa stoo mwaka mzima, kisha mpita njia anaviona vitabu vyenye muhuri wa maktaba kwenye pipa la taka na simu zinaanza kupigwa.

Tatizo huwa kwenye mpangilio wa kazi. Hatua zilizo hapa chini zifuatwe kwa mfuatano wake, hata ile inayoonekana ya kupoteza muda.

Jambo moja liwekwe wazi kabla ya yote: mwongozo huu ni wa maktaba ya umma. Maktaba ya taifa inayopokea kisheria nakala ya kila kinachochapishwa nchini ina wajibu wa kutunza, hata kitabu ambacho hakuna atakayekifungua kwa miaka hamsini. Maktaba ya umma ipo kwa ajili ya wakazi wa eneo lake: mtoto, mstaafu, anayetafuta kazi, mama anayetaka kujua homa ya mwanawe inamaanisha nini. Watu hao wanaamini kwamba kilichopo rafuni kimekaguliwa. Ukiacha rafuni kitabu kinachopotosha, umekipa muhuri wako.

## Vitu vya kuandaa

Viwe tayari mezani kabla ya siku ya kwanza:

- Sera ya kuondoa vitabu, hata ya ukurasa mmoja, yenye sahihi ya msimamizi wa maktaba au bodi.
- Orodha ya vitabu kwa mpangilio wa rafu, iliyotolewa kwenye programu ya maktaba au kunakiliwa kutoka kwenye daftari la usajili.
- Taarifa ya uazimaji inayoonyesha kila kitabu kiliazimwa lini mara ya mwisho.
- Vipande vya karatasi vya kuchomeka ndani ya vitabu, na penseli.
- Toroli ya vitabu, au meza pana iliyo karibu na rafu.
- Masanduku manne yaliyoandikwa: KUTENGENEZA, KUBADILISHA, GHALANI, KUONDOA.
- Muhuri wa kuondolea vitabu, na kalamu ya wino mzito isiyofutika.
- Kitambaa kikavu, brashi laini, barakoa na glovu.

Gundi na utepe wa kunata wa kawaida viache dukani. Utepe huo hugeuka njano, gundi yake hupenya kwenye karatasi, na ukurasa ambao ungeweza kuokolewa unaharibika kabisa.

## Hatua ya 1: Andika kanuni kabla hujagusa kitabu

Sera ijibu maswali matano: nani anaamua, kwa vigezo gani, vitabu gani havigusiki, vinavyoondolewa vinakwenda wapi, na malalamiko yanapelekwa kwa nani. Ukurasa mmoja unatosha.

Andika sasa, kwa sababu ukishaanza kazi utakutana na kitabu ulichokisoma utotoni, au kilicholetwa na mtu unayemheshimu, na hapo huruma ndiyo itakayoamua badala ya kanuni. Kanuni iliyoandikwa mapema pia ndiyo ngao yako mtu akija kuuliza kwa hasira.

Orodha ya visivyogusika iwe fupi lakini imara: vitabu vya historia ya eneo, kazi za waandishi wa eneo hilo, kumbukumbu za taasisi za hapo, na kitabu chochote chenye masharti ya maandishi kutoka kwa aliyekitoa. Kijitabu kibaya kwa sura, kilichochapishwa na shule ya jirani, huenda ndiyo nakala pekee duniani.

Angalizo. Vitabu vya maktaba ya umma ni mali ya umma. Taratibu za kuondoa mali hiyo hutofautiana kati ya mamlaka moja na nyingine, kwa hiyo pata kibali cha maandishi mapema. Kibali cha mdomo huwa kinasahauliwa siku ya ugomvi.

## Hatua ya 2: Chagua rafu, usichague maktaba

Wengi wanatangaza kwamba watapitia maktaba nzima na kuchoka kabla ya kufika robo. Chukua sehemu ndogo unayoweza kuimaliza, pamoja na kumbukumbu zake zote, ndani ya siku chache.

Anza pale ambapo uamuzi ni rahisi na madhara ya kuchelewa ni makubwa. Kwa maktaba zinazotumia mfumo wa Dewey, unaopanga vitabu kwa namba za mada, hapo ni kompyuta (004 hadi 006), afya (610 hadi 619), sheria (340 hadi 349) na jiografia na safari (910 hadi 919). Riwaya na mashairi viache mwishoni. Huko uamuzi ni mgumu, nawe utakuwa umeshazoea.

## Hatua ya 3: Soma rafu

Simama mbele ya rafu ukiwa na orodha, ukague kitabu kimoja kimoja. Kilichopo kiwekee alama. Kilichopotea kiandike. Kilichokaa pasipo pake kirudishe mahali pake.

Kazi hii inachosha na ndiyo inayorukwa zaidi. Lakini kitabu cha upishi kilichofichwa katikati ya vitabu vya hesabu hakiwezi kuazimwa na mtu yeyote. Taarifa itasema hakitakiwi, kumbe hakionekani. Kitabu cha namna hiyo kipe mwaka mmoja mahali pake sahihi kabla ya kukihukumu.

Umefaulu ikiwa kila mstari wa orodha una alama au maelezo, na mtu mwingine anaweza kukuta kitabu chochote kwa namba yake bila kukuita.

## Hatua ya 4: Pima matumizi, yakiwemo yasiyoandikwa

Mwaka 1969 mtafiti wa Marekani, Richard Trueswell, alionyesha kwamba takriban asilimia 20 ya vitabu vya maktaba hubeba asilimia 80 ya uazimaji wote. Ukiangalia taarifa yako utaona sura inayofanana na hiyo. Usikimbilie kuondoa asilimia 80 iliyobaki, maana taarifa ya uazimaji inaona nusu tu ya maisha ya maktaba.

Kamusi hazitoki nje. Wanafunzi husomea palepale na kurudisha. Wapo pia wasomaji wanaoona haya kuazima vitabu vya magonjwa au vya ndoa, wakavisoma wakiwa wamesimama kati ya rafu. Matumizi haya yote hayamo kwenye taarifa.

Kwa hiyo weka tangazo kuwaomba wasomaji waache vitabu mezani badala ya kuvirudisha wenyewe rafuni. Kila jioni, kabla ya kuvirudisha, viandikishe. Programu ya maktaba kama Koha inaweza kurekodi matumizi ya ndani ya maktaba pale unapopokea kitabu ambacho hakikuwa kimeazimwa.

Kama huna kompyuta, mbinu ya Stanley Slote, mwandishi wa kitabu kuhusu kuondoa vitabu maktabani, inafanya kazi vizuri: weka nukta ndogo kwenye mgongo wa kitabu kila kinaporudishwa au kuokotwa mezani. Baada ya mwaka, vitabu visivyo na nukta vinajitokeza vyenyewe. Ni mbinu ya polepole, ila haihitaji umeme wala mtaalamu.

## Hatua ya 5: Shika kila kitabu mkononi

Hapa ndipo kazi yenyewe ilipo, na haifanyiki kwa kutazama skrini. Chukua kitabu, kifungue ukurasa wa hakimiliki uone mwaka wa toleo, pindua kurasa chache, kisha jiulize maswali sita. Yametokana na CREW, mbinu ya kukagua na kuondoa vitabu iliyoanzia katika maktaba ndogo za Texas miaka ya 1970, na bado sijaona orodha iliyo bora kuliko hiyo.

Je, kinapotosha? Atlasi isiyo na Sudan Kusini ni ya kabla ya 2011. Inayoandika Swaziland badala ya Eswatini ni ya kabla ya 2018. Kitabu cha elimu ya anga kinachohesabu sayari tisa kiliandikwa kabla ya Pluto kuondolewa kwenye orodha hiyo mwaka 2006. Makosa haya yanamwaibisha mwanafunzi tu. Yapo yanayoua: vitabu vya malezi vya miongo iliyopita vilishauri mtoto mchanga alazwe kifudifudi, wakati tangu miaka ya 1990 wataalamu wa afya wamesisitiza alazwe chali, kwa kuwa kifudifudi huongeza hatari ya kifo cha ghafla usingizini. Kitabu cha namna hiyo kinaondoka leo, hata kama ni kizuri kwa sura na hata kama kinaazimwa kila wiki. Kuazimwa sana ndiko kunakozidisha hatari yake.

Je, kimeharibika? Kurasa zilizotoka, mgongo uliovunjika, maandishi yaliyofifia, harufu ya ukungu. Kitabu chenye ukungu usikipanguse karibu na vingine. Vaa barakoa na glovu, kitie kwenye mfuko wa plastiki uliofungwa, kiondoe chumbani. Kisha chunguza unyevu wa mahali kilipokuwa, kwa sababu ukungu hustawi hewa ikiwa na unyevu wa zaidi ya asilimia 65 hivi, na kuondoa kitabu kimoja hakuuondoi unyevu.

Je, kuna toleo jipya? Hili linahusu zaidi sheria, kodi, mitaala ya shule na mwongozo wa programu za kompyuta. Ukiwa na toleo la tatu na la tano la kitabu kilekile, la tatu linamchanganya msomaji asiyejua kutazama mwaka.

Je, kimepoteza uzito? Wasifu wa haraka wa mtu aliyevuma msimu mmoja, kitabu cha mtindo wa kupunguza mwili uliokwisha kusahaulika. Uwe mpole hapa. Kinachoonekana chepesi kwako huenda ndicho kilichomvuta kijana mmoja kuingia maktaba.

Je, kinawahusu watu wa hapa? Mwongozo wa kilimo cha zao lisiloota katika hali ya hewa yenu, au vitabu vya lugha isiyosomwa na mtu yeyote mtaani. Shehena nyingi za misaada huanguka kwenye swali hili. Kutopenda kupokea si utovu wa shukrani. Mtoaji hakuijua rafu yako, wewe unaijua.

Je, kinapatikana kwingine kwa urahisi? Kama maktaba jirani ina nakala na mnaazimana, au maandishi yapo bure mtandaoni kihalali, huna haja ya kushikilia nakala inayochakaa. Hakikisha tu msomaji wako ana njia halisi ya kufika huko. Maandishi ya mtandaoni hayamsaidii asiye na simu wala kifurushi cha data.

CREW pia inatoa fomula ya namba mbili kwa kila fungu: miaka tangu kitabu kichapishwe, na miaka tangu kiazimwe mara ya mwisho. Afya ni 5/3, yaani kitabu chenye zaidi ya miaka mitano, ambacho hakijaazimwa kwa miaka mitatu, kinastahili kuchunguzwa. Kompyuta ni 3/X: miaka mitatu ikipita kinachunguzwa, kuazimwa kusiangaliwe. Riwaya ni X/2, umri hauhesabiki, kinachotazamwa ni kama imekaa miaka miwili bila msomaji. Namba hizi zinakuelekeza pa kutazama tu. Maktaba isiyo na bajeti ya kununua kila mwaka inaweza kuziongeza, mradi isiziongeze kwenye afya.

Angalizo kubwa. Kazi hii isigeuke mlango wa nyuma wa kufukuza vitabu usivyovipenda. Ilani ya Maktaba za Umma ya IFLA (shirikisho la kimataifa la maktaba) na UNESCO, katika toleo la 1994 na la 2022, inakataza mkusanyiko wa maktaba kuwekewa udhibiti wa kiitikadi, kisiasa au kidini. Ukijikuta unatafuta sababu ya kuondoa kitabu ambacho kwa maswali yote sita kimepita, kirudishe rafuni. Vivyo hivyo, kitabu kilicholalamikiwa na msomaji kishughulikiwe kwa utaratibu wa malalamiko, mbali kabisa na zoezi hili. Ukichanganya mambo haya mawili hutaaminiwa tena.

## Hatua ya 6: Amua, uandike sababu

Chomeka kipande cha karatasi ndani ya kitabu chenye neno moja la uamuzi, sababu kwa maneno machache, na tarehe. "Kuondoa, kinapotosha, toleo la 1987." "Kubadilisha, kimechakaa, kinaazimwa sana." Kisha kitie kwenye sanduku lake. Kinachobaki kinarudi rafuni bila karatasi.

Sanduku la GHALANI liangaliwe kwa jicho kali. Ndilo linalojazwa na uoga wa kuamua. Ghala ni la vitabu vyenye thamani vinavyohitajika mara chache, na kila kinachoingia humo lazima kiendelee kuonekana kwenye katalogi ili msomaji aweze kukiomba.

## Hatua ya 7: Jicho la pili

Asiondoe kitabu mtu mmoja peke yake. Mwenzako apitie sanduku la KUONDOA kabla ya muhuri kupigwa, na ikibidi mwite mtu mwenye ujuzi: mwalimu kwa vitabu vya shule, muuguzi kwa vya afya, mzee anayeijua historia ya eneo kwa vile vya zamani. Uamuzi unabaki kwenu, lakini jicho lao linaona kile msichokijua.

Mwaka 2015 mkurugenzi wa maktaba ya umma ya Berkeley, California, alijiuzulu baada ya mzozo kuhusu idadi ya vitabu vilivyoondolewa na kuhusu wafanyakazi kulalamika kwamba walitengwa kwenye maamuzi. Ilikuwa maktaba yenye fedha, vifaa na wataalamu. Ushirikishwaji mdogo ulitosha kuibomolea heshima.

Viache vitabu hivyo kwenye rafu ya kusubiri, nyuma ya kaunta, kwa muda uliotajwa kwenye sera. Mwezi mmoja unatosha. Vinavyopotosha kuhusu afya havisubiri mahali wasomaji wanapofika.

## Hatua ya 8: Futa kumbukumbu siku hiyohiyo

Kitabu kilichotolewa rafuni lakini kikabaki kwenye katalogi ni kero kwa miaka. Msomaji atakitafuta, mhudumu atakitafuta, na mwisho wataamini kimeibwa.

Kwa kila kitabu badilisha hali yake kwenye programu kuwa kimeondolewa, weka mstari na tarehe kwenye daftari la usajili bila kufuta kilichoandikwa, na kitoe kwenye katalogi ya pamoja kama maktaba zenu zimeunganishwa. Ikiwa ni nakala ya mwisho katika mtandao mzima, simama. Uliza wenzako kwanza kama kuna anayetaka kuihifadhi.

Jipime hivi: chagua vitabu vitano vilivyoondolewa, vitafute kwenye kompyuta ya wasomaji. Kikitokea hata kimoja, kazi haijaisha.

## Hatua ya 9: Piga muhuri, toa nje

Piga muhuri wa kuondolea kwenye ukurasa wa jina na juu ya kila muhuri wa umiliki, kisha futa msimbopau kwa wino mzito. Bila hivyo, wasamaria wema watakuwa wanakurudishia vitabu hivyo kila wiki.

Vizuri vinaweza kuuzwa kwa bei nafuu au kutolewa kwa shule na vikundi vinavyovihitaji kweli. Waulize kwanza, na uwaonyeshe orodha. Kinachopotosha usimpe mtu. Kitabu cha dawa kisichofaa kwa wasomaji wako hakigeuki kuwa kizuri kikifika kwa maskini wa kijiji kingine. Hivyo pamoja na vilivyooza vinakwenda kwenye kiwanda cha kurejeleza karatasi, vikiwa vimetolewa majalada.

Usirundike vitabu nje ya mlango. Picha moja ya rundo hilo itasambaa kuliko maelezo yako yote. Afadhali ubandike tangazo ndani ya maktaba linaloeleza nini kinafanyika, kwa nini, na fedha za mauzo zinakwenda wapi.

## Hatua ya 10: Panga upya nafasi iliyopatikana

Tandaza vitabu ili kila ubao wa rafu ubaki na nafasi, takriban robo yake. Tumia nafasi hiyo kusimamisha vitabu viwili au vitatu vikionyesha majalada. Mkutubi wa India, S. R. Ranganathan, aliweka kuokoa muda wa msomaji miongoni mwa kanuni zake tano za maktaba mwaka 1931, na rafu yenye nafasi inaokoa muda huo bila gharama yoyote.

Usishangae wasomaji wakiuliza kama mmeleta vitabu vipya. Vilikuwepo, vimeonekana sasa.

## Wakikuuliza

Swali litakalokuja ni hili: "Mnatupaje vitabu wakati watu hawana vya kusoma?" Usijibu kwa nadharia. Weka nyuma ya kaunta nakala mbili tatu za mfano, kile cha afya kilichopitwa na kile kilicholiwa na wadudu, umpe anayeuliza avifungue mwenyewe. Kisha mwonyeshe sera, orodha yenye sababu, na jina la mtu wa kumpelekea malalamiko. Akiomba kitabu fulani kibaki na ana hoja, kirudishe. Kanuni haivunjiki kwa sababu ya kitabu kimoja, na yeye ataondoka akijua kwamba amesikilizwa.

## Kalenda

Gawa fungu za Dewey kwa miezi ya mwaka, kila mwezi sehemu yake, ukiacha wazi miezi ya mitihani maktaba inapofurika. Afya na sheria zipitiwe kila mwaka. Nyingine zinaweza kusubiri miaka miwili au mitatu.

Miezi sita baada ya kumaliza sehemu ya kwanza, toa tena taarifa ya uazimaji ya rafu hiyo na uilinganishe na ya awali. Uazimaji ukiwa umepanda au umebaki palepale kwa vitabu vichache zaidi, nenda fungu linalofuata. Ukiwa umeshuka, fungua karatasi za sababu ulizotunza katika hatua ya sita, uone ni swali lipi ulilijibu kwa ukali kupita kiasi.